Deni la Twiga

Msikilizaji, kama umri umekuruhusu kukaa kwenye mabenchi ya vibanda vya video miaka ya themanini na tisini, yule bwana mwembamba aliyeokota chupa ya soda huko Kalahari unamfahamu. Rubani kamaliza kunywa, kaitupa chupa nje ya ndege, ikaangukia kwa watu ambao tuliambiwa hawajui fedha, hawajui ugomvi, hawajui hata kumiliki kitu. Filamu inaitwa The Gods Must Be Crazy, mtengenezaji ni Jamie Uys wa Afrika Kusini, na ilitoka mwaka 1980. Tulicheka mpaka mbavu zikauma. Wapo wanaoicheka hadi leo.

Sasa, wakati kamera za Bwana Uys zikifanya kazi kule Namibia, palikuwa na kamera nyingine pembeni. Mwenye kamera hiyo alikuwa Mmarekani wa makamo, mwili mkubwa, anakisema Kijuhoansi, lugha ya wenyeji wa huko, naye alikuwa anawapiga picha wapiga picha. Anatuonyesha wenyeji wakielekezwa namna ya kuigiza maisha yao wenyewe, tena maisha ambayo hawakuwa wakiyaishi. Halafu anageuza kamera upande wa pili, na huko tunaona foleni ya unga wa mahindi, wagonjwa wa kifua kikuu, ugomvi wa walevi, na askari waliokuja kuandikisha vijana jeshini. Umbali kati ya picha hizi mbili ni wa kutembea kwa miguu.

Bwana huyo ni John Marshall. Alikuwa mtengenezaji wa filamu za maisha halisi ya watu, zile ambazo walimu wa elimu ya jamii na mila huzionyesha vyuoni. Kazi hiyo aliianza akiwa kijana wa miaka 17, akaishi nayo mpaka alipofariki Aprili 2005. Jioni ya leo nataka nikusimulie kazi hiyo, kwa sababu nadhani inatuhusu sisi tunaokamata simu na kurekodi kila kinachopita mbele yetu, na inatuhusu zaidi tunaporekodi watu ambao hawana nafasi ya kutujibu.

Tuanze nyumbani kwao. Baba yake, Laurence Marshall, alikuwa mmoja wa waasisi wa kampuni ya Raytheon ya Massachusetts, iliyotengeneza kwa wingi vifaa vya rada wakati wa Vita Kuu ya Pili. Vita vikaisha, mzee ana fedha, amechoka, na watoto wamekua bila yeye kuwaona. Akataka safari ya familia nzima. Aliwaendea watu wa makumbusho ya Peabody, Chuo Kikuu cha Harvard, kuuliza kama kuna jambo la maana wanaloweza kulifanya Kalahari. Wakamwambia lipo, ila mtaalamu wa kufuatana nao hakupatikana. Basi kila mtu akagawiwa kazi, kama vile nyumbani watu wanavyogawana kazi za arusi. Mama, Lorna, aliyekuwa amefundisha Kiingereza, akapewa daftari la mila na desturi. Binti, Elizabeth, akapewa uandishi. Kijana John akapewa kamera.

Nisimame kidogo kwa mama na binti, maana katika simulizi za watengenezaji filamu wanawake hupitwa upesi. Lorna Marshall alianza kazi hiyo akiwa amevuka miaka 50, akaja kuandika vitabu ambavyo wasomi wa Kalahari hawawezi kuvikwepa, na alifariki mwaka 2002 akiwa na miaka 103. Elizabeth aliandika The Harmless People, kilichotoka mwaka 1959, halafu akaja huku kwetu Afrika Mashariki, kaskazini mwa Uganda, akaishi na wafugaji wa Dodoth na kuandika kitabu juu yao pia. Familia hii haikuwa ya watalii.

Walianza safari mwaka 1950, na mwaka 1951 familia yote ikafika Nyae Nyae, kaskazini mashariki mwa Namibia, jirani na mpaka wa Botswana. Wakati huo nchi ilikuwa inaitwa Afrika Kusini Magharibi na ilitawaliwa kutoka Pretoria. Wenyeji wa Nyae Nyae ni Ju/'hoansi. Niwie radhi kwa matamshi, lugha yao ina vidoko, milio ile ya ulimi kugonga kaakaa, na ulimi wangu wa pwani hauna mafunzo hayo. Msikilizaji Mhadzabe au Msandawe anaweza kunicheka, ni haki yake.

Pale mahali panapoitwa Gautscha walipokewa na mtu mzima mmoja, Toma, kiongozi wa kundi la hapo. Yeye na mkewe walikuwa na ardhi. Nalisisitiza hilo kwa sababu ya zile hadithi za watu wasiomiliki kitu. Kila kundi la Ju/'hoansi lilikuwa na eneo lake, na maji yake, na miti yake ya chakula, na mgeni akija huomba. Toma alimpokea kijana John, na kwa miaka iliyofuata akawa kwake kama baba wa pili. John alijifunza lugha, akafuatana na vijana wenzake porini, akapewa jina, na kwa Ju/'hoansi jina ni undugu: anayekupa jina anakupa na ndugu zake.

Kamera yenyewe ilikuwa ya milimita 16, ya kukazwa spring kwa mkono kama saa ya ukutani ya zamani. Mkanda wa futi mia moja unakwisha kabla ya dakika tatu. Ukipiga picha ya mtu anachimba kiazi, anapokifikia kiazi mkanda umekwisha. Sauti hairekodiwi pamoja na picha. Mzee Laurence naye alikuwa na msimamo wake: hataki usanii, hataki kuelekeza watu, anataka kumbukumbu ya watu wanavyofanya mambo yao. Ushauri mzuri. Kijana akausikia, kisha akafanya alichotaka.

Alichotaka ni The Hunters, yaani Wawindaji, iliyotoka mwaka 1957. Inachukua kama saa moja na robo. Wanaume wanne wanatoka kuwinda. Wanakosa, wanatangatanga, halafu wanampata twiga jike, wanampiga mishale yenye sumu inayotokana na viluwiluwi vya mdudu fulani aina ya mbawakawa. Sumu hiyo haiui papo hapo. Twiga anakwenda, nao wanamfuata nyayo siku baada ya siku, hadi anapoishiwa nguvu wanamaliza kazi kwa mikuki, wanagawana nyama, wanarudi kusimulia. Ni filamu nzuri. Sitaki mtu anielewe vibaya, ni nzuri hasa. Ilitunukiwa tuzo ya Robert Flaherty, ikaonyeshwa katika vyuo vya Marekani kizazi baada ya kizazi, na mwaka 2003 Maktaba ya Bunge la Marekani iliiingiza katika orodha ya filamu za kuhifadhiwa kama urithi wa taifa lile.

Lakini isikilize. Sauti unayoisikia ni ya Marshall mwenyewe. Anatuambia huyu ni mtu wa namna gani, yule anawaza nini, hata twiga anasemewa. Wawindaji hawazungumzi. Tunawaona wanafungua vinywa, wanacheka, wanajadili nyayo, na juu ya vinywa vyao anaongea kijana wa Boston. Sisi jambo hili tunalijua vizuri kuliko Wamarekani, kwa sababu tumekulia kwa Lufufu hapa Tanzania, DJ Afro kule Kenya, na VJ Jingo Kampala. Jackie Chan anasema lake, Lufufu anasema lake, na ukumbi mzima unamwamini Lufufu. Tofauti ni kwamba tukiwa kibandani tulijua tunatiwa chumvi. Mwanafunzi wa chuo kikuu hakuambiwa.

Na chumvi ilikuwapo. Uwindaji ule mmoja ulishonwa kutokana na picha za mawindo kadhaa. Baadhi ya picha za twiga zilipigwa kutoka kwenye gari. Jambo zito zaidi ni picha ya jumla inayobaki kichwani mwa mtazamaji: kwamba watu hawa wanaishi kwa nyama, na kila mlo ni mapambano ya wanaume na jangwa. Miaka michache baadaye mtafiti Richard Lee alikwenda upande wa pili wa mpaka, Dobe, akapima chakula kilichokuwa kinaingia kambini, na akakuta sehemu kubwa zaidi ni mimea, njugu za mongongo zikiwa mbele, na waliokuwa wanaikusanya zaidi ni wanawake. Familia ya Marshall waliwaona wanawake hao kila siku. Ila mwanamke anayeinama kuokota njugu hatengenezi kilele cha filamu, na twiga anatengeneza.

Marshall hakuja kuitetea. Ukubwani alisema wazi kuwa ile ilikuwa kazi ya kijana wa Kimarekani mwenye mawazo ya kimahaba juu ya pori, na kwamba inamweleza yeye zaidi kuliko inavyowaeleza Ju/'hoansi. Msanii kusema hivyo juu ya kazi iliyompa jina si jambo dogo. Lakini kusema hakuitoi filamu madarasani. Filamu ikishatoka ina miguu yake.

Mwaka 1958 serikali ikamfungia mlango. Hakuruhusiwa tena kuingia Nyae Nyae, na marufuku hiyo ilidumu miaka 20. Fikiria: anatolewa ana miaka 25, anarudi ana 45. Kwa fundi mwingine hapo ndipo kazi inapokufa. Kwake ndipo ilipopata akili.

Kwanza alikwenda kupiga picha mambo mengine. Alirekodi mapigano ya Kupro kwa ajili ya televisheni ya NBC. Alishika kamera katika filamu ya Frederick Wiseman, Titicut Follies ya mwaka 1967, iliyopigwa ndani ya gereza la wagonjwa wa akili la Bridgewater, huko huko kwao Massachusetts. Filamu hiyo iliwaonyesha Wamarekani namna wafungwa wagonjwa wanavyovuliwa nguo na kudhihakiwa, na mahakama ya jimbo ikazuia isionyeshwe kwa umma. Zuio likaja kuondolewa mwaka 1991. Kisha akapanda magari ya polisi wa Pittsburgh na kurekodi wanavyoingilia ugomvi wa wanandoa, ulevi, ajali. Mimi naipenda sehemu hii ya maisha yake kwa sababu moja. Wengi wa wenzake walidhani mila ni kitu cha watu wa mbali. Yeye akaenda kupiga picha mila za askari wa Pittsburgh kwa macho yale yale.

Pili, akarudi kwenye makasha ya mikanda ya Kalahari. Pamoja na Timothy Asch, mtengenezaji mwenzake aliyejulikana kwa filamu zake za Wayanomami wa Venezuela, mwaka 1968 wakaanzisha shirika la Documentary Educational Resources, la kusambaza filamu za aina hii, na lipo hadi leo. Akaanza kutoa filamu fupi fupi. Acha safari ya kishujaa. Chukua tukio moja, lionyeshe lilivyoanza na lilivyokwisha, waache watu wazungumze kwa lugha yao, weka tafsiri kwa maandishi chini ya picha. Msichana na babu yake mdogo wanataniana chini ya mbuyu. Watu wanagombania nyama. Waganga wanacheza ngoma ya uponyaji usiku kucha. Nyingi hazifiki nusu saa.

Katika hizo, moja naiweka juu ya The Hunters bila kusita. Inaitwa An Argument about a Marriage, ugomvi juu ya ndoa, na inachukua kama dakika 18 tu. Ilipigwa mwaka 1958, mwaka ule ule wa kufungiwa mlango. Kisa chake ni hiki. Kundi la Ju/'hoansi lilikuwa limechukuliwa na wakulima wa kizungu na kufanyishwa kazi mashambani kwa lazima. Familia ya Marshall ikasaidia kuwarudisha. Sasa wamerudi, na kule mashambani mke wa mtu alikuwa amezaa na mwanamume mwingine. Je, ni mke wa nani? Mkwe anadai, vijana wanapandisha, maneno ya kuuana yanatajwa, wakubwa wanaingilia. Maelezo yanatangulia, ukiisha kuelewa nani ni nani, msimulizi anakaa kimya na wewe unawasikia wenyewe wakivunjiana heshima na kuirudisha.

Sikiliza kilichomo humo. Kumbe mwaka 1958 watu hawa walikwishajua mashamba ya wazungu, utumwa wa kazi, magari. Kumbe wana sheria za ndoa na madai ya ukwe, wanajua ugomvi kama tunavyoujua sisi. Na kumbe mpiga picha naye yumo: familia yake ndiyo iliyosaidia kuwarudisha watu hao nyumbani ambako ugomvi ulikuwa unawasubiri. The Hunters ilipotoka mwaka 1957, ikionyesha pori ambalo halijaguswa na mtu, mambo haya yalikuwa tayari yanaendelea. Yalibaki nje ya fremu.

Mlango ukafunguliwa mwaka 1978. Marshall akarudi na kuikuta Nyae Nyae si ile. Serikali ilikuwa imewawekea Ju/'hoansi eneo la ubaguzi lililopewa jina la Bushmanland, na katika kuchora mipaka yake wakapoteza sehemu kubwa ya ardhi waliyokuwa wakiitumia. Wengi walikuwa wamesongamana Tsumkwe, makao ya serikali, wanaishi kwa unga wa mgawo na vibarua. Jeshi la Afrika Kusini lilikuwa vitani dhidi ya wapigania uhuru wa SWAPO na lilikuwa linaajiri vijana wao kama wafuatilia nyayo na askari. Mshahara ukaja, pombe ikaja nao, na watu wakaanza kuuana.

Mle ndani akamkuta N!ai. Unamkumbuka yule msichana aliyekuwa anataniana na babu chini ya mbuyu? Ndiye. Walipokutana mara ya kwanza alikuwa mtoto wa miaka kama minane, ameozwa kwa kijana aitwaye /Gunda na hamtaki. Sasa ni mama mtu mzima. Marshall alikuwa na picha zake za utotoni, za usichana, za ujana wake wote kabla ya marufuku. Akamwomba asimulie. Ndipo ikatoka filamu ya mwaka 1980, N!ai, the Story of a !Kung Woman (!Kung ni jina ambalo wageni waliwaita Ju/'hoansi), chini kidogo ya saa moja, ikaonyeshwa kwenye televisheni ya umma ya Marekani.

Hapa mambo yamegeuka kabisa. Miaka 23 nyuma, kijana mgeni aliwasemea wanaume wanne wasiosikika. Sasa mwanamke mwenyeji anasimulia maisha yake, na picha za yule kijana zimekuwa vielelezo vya hoja yake. Anaeleza alivyomkataa mume, alivyomwogopa mumewe alipoingiwa na nguvu za uganga, njaa ilivyokuwa zamani na njaa ilivyo sasa. Hasemi kuwa zamani palikuwa peponi. Na filamu haimpambi: majirani wanamlalamikia kwamba analipwa fedha za filamu na hagawi, yeye anawajibu, na kelele zinapanda. Fedha hizo ni pamoja na za filamu ile ya chupa. Kwa hiyo unaona mwaka ule ule wa 1980 dunia ikipelekewa filamu mbili kutoka ujirani mmoja. Ya kwanza ikaingia kumbi za sinema za dunia nzima. Ya pili ikaingia madarasani. Ukitaka kujua ni ipi iliyokaa vichwani mwa mawaziri, wafadhili na watalii, huhitaji mtafiti.

Jambo hili ndilo lililomla Marshall. Mwaka 1981, pamoja na Claire Ritchie, alianzisha mfuko wa kuwasaidia Ju/'hoansi kutoka Tsumkwe na kurudi kwenye maeneo yao ya ukoo, safari hii wakiwa na visima, pampu, bustani na ng'ombe. Mpiga picha akawa mtu wa mabomba. Wapo waliosema ameacha filamu. Kwa kweli kamera haikuzimwa, ila mara nyingi ilikuwa imewekwa chini kwa sababu mwenyewe yuko ndani ya shimo na koleo. Vijiji vikaongezeka, chama cha wakulima kikaundwa mwaka 1986, mpango wa kuligeuza eneo kuwa hifadhi ya wanyama ukapingwa na kushindwa. Namibia ikapata uhuru Machi 1990, na mwaka uliofuata Ju/'hoansi wakaketi katika mkutano wa taifa wa ardhi mjini Windhoek na kusema yao.

Halafu tembo. Msikilizaji wa vijiji vya jirani na hifadhi zetu, hapa sina haja ya kukufafanulia. Unachimba kisima, tembo anakuja kunywa, anang'oa pampu, anakanyaga bustani. Simba anachukua ndama. Unaomba msaada wa kulinda pampu, na unaambiwa tembo ndio mali yenu, watalii watalipa kuwaona. Wafadhili wengi walivutiwa zaidi na mpango wa wanyamapori kuliko wa kilimo. Mwaka 1998 ikaundwa Hifadhi ya Jamii ya Nyae Nyae, ya kwanza ya aina yake nchini humo: wenyeji wanakuwa na haki juu ya wanyama, wanauza vibali kwa wawindaji matajiri, wanapata nyama, ajira kadhaa, na mgawo wa fedha.

Marshall aliichukia. Aliona wazi kabisa twiga wake amerudi. Kwa nini jirani yao Mherero akifuga ng'ombe anaitwa mfugaji, na Mjuhoansi akifuga ng'ombe anaambiwa anapoteza asili yake? Kwa sababu mtu aliyeketi ofisini na fedha za maendeleo aliona, akiwa mwanafunzi, watu wanne wenye mishale. Hoja hiyo aliiweka katika kazi yake ya mwisho, A Kalahari Family, iliyokamilika mwaka 2002: sehemu tano, saa sita, kutoka ujio wa familia yake hadi ugomvi wa hifadhi. Sehemu ya mwisho aliipa jina Death by Myth, kwamba hadithi ya kubuni inaweza kuua watu. Humo anawaacha Ju/'hoansi wenyewe, akiwamo mtoto wa yule mzee Toma, waseme wanataka nini, na wataalamu waseme wanadhani Ju/'hoansi wanataka nini.

Je, alikuwa na haki? Nitasema ninavyoona. Kuhusu hadithi ya kubuni alikuwa na haki tupu. Kuhusu ng'ombe, nina wasiwasi. Wapo wanataaluma na wafanyakazi wa pale, watu wenye nia njema na miaka yao mingi Nyae Nyae, waliomwambia kwamba ufugaji katika ardhi ile ni mgumu, kwamba watu wanachanganya njia nyingi za kuishi, na hifadhi nayo imewasaidia kuishikilia ardhi yao isiingiliwe. Marshall alikuwa mkali kwao kupita kiasi. Mtu aliyetumia nusu karne kukanusha picha moja anaweza naye kuipenda mno picha ya pili, ile ya mkulima mwenye kisima na zizi. Lakini nampa heshima moja ambayo wengi wa fani yake hawaistahili: alirudi, akakaa, akaruhusu aliowapiga picha wampinge mbele ya kamera yake mwenyewe, na hakuwafichia watazamaji kuwa yeye ni sehemu ya habari.

Nilisema jambo hili linatuhusu. Pale Ziwa Eyasi, watalii hulipa kwenda kuwinda asubuhi moja na Wahadzabe, na mtandaoni zimejaa video za asubuhi hiyo moja. Upinde, ngozi, moto wa kupekecha. Si uongo, mambo hayo yapo. Zilizo adimu ni video za Wahadzabe wakiwa kwenye mkutano wa mipaka ya kijiji, au wakibishana na wafugaji walioingiza mifugo katika eneo lao, au mama akimpeleka mtoto zahanati. Kijana wa Kitanzania mwenye kamera nzuri, tena anayekijua Kiswahili ambacho na Wahadzabe wengi wanakisema, hana udhuru aliokuwa nao kijana wa Boston mwaka 1951.

Kumbukumbu za Marshall za Kalahari, mamia ya saa za filamu na video kuanzia 1950 hadi 2000, zimehifadhiwa katika taasisi ya Smithsonian, Marekani, na mwaka 2009 UNESCO iliziingiza kwenye rejista yake ya Kumbukumbu ya Dunia. Ni miongoni mwa rekodi ndefu zaidi za picha za jamii moja zilizowahi kutengenezwa. Ju/'hoansi vijana wanaweza kumwona bibi yao akiwa na miaka minane. Mimi naomba siku moja makasha hayo yapatikane Windhoek na Tsumkwe kwa urahisi ule ule yanavyopatikana Washington.

Na kwa wanafunzi wa filamu na uandishi wa habari mnaonisikiliza, mkizipata kazi hizi, nawasihi msianze na wawindaji, ingawa ndivyo mwalimu atakavyotaka. Anzeni na ule ugomvi wa ndoa, dakika zake 18, muutazame mara mbili, mara ya pili mkiangalia nani anamtazama nani. Kisha N!ai. Kisha zile saa sita, hata kama ni kwa wiki nzima. The Hunters muiweke mwisho, na mkifika pale wale wanaume wanne wanapoketi kujadili nyayo, punguzeni sauti ya msimulizi mtazame midomo yao.